Usiulize kwa mwezi ngapi, uliza mpaka mwisho ngapi

Jumapili iliyopita mdogo wangu aliyeko Dallas alinitumia picha kumi na moja za jiko. Kaunta ya mawe meupe, sinki pana, friji ya milango miwili. Chini ya picha ya mwisho akaandika: "Kaka, kwa mwezi ni 2,400 tu. Tunasaini Ijumaa."

Nilimpongeza, na nilimaanisha. Kisha nikakaa na simu mkononi muda mrefu. Maneno hayohayo nilimwambia mke wangu mwaka 2023, tukiwa tumesimama kwenye sebule tupu iliyonuka rangi mpya, nje kidogo ya Houston. Nitaeleza kwa hesabu zangu mwenyewe, kwa sababu sisi Watanzania huku Marekani hesabu tunafichana. Tunaalikana kuja kuiona nyumba, pilau inapikwa, dua inaombwa, lakini hakuna anayetaja riba anayolipa. Wanaokuja nyuma yetu wanaona picha tu.

Nyumba yetu bei yake ilikuwa dola 330,000. Kianzio tulitoa 30,000, akiba ya miaka sita: mimi naendesha lori, mke wangu anafanya zamu za usiku kwenye nyumba ya kutunzia wazee. Laki tatu zilizobaki tukakopa kwa riba ya asilimia 6.5 isiyobadilika, miaka 30. Rejesho likawa dola 1,896.20 kila mwezi. Tulikuwa tukilipa kodi ya pango 1,550, na kila aliyetutembelea alituambia tunamtajirisha mwenye nyumba bure. Ukiweka 1,550 na 1,896 mezani, unaona tofauti ndogo, na mwisho wa safari una nyumba yako. Hivyo ndivyo tulivyowaza.

Mwezi wa kwanza, katika ile 1,896.20, riba ilichukua dola 1,625. Deni lenyewe lilipungua kwa dola 271 na senti 20. Soma tena hapo, maana mimi nilisoma mara tatu: riba ya mwezi mmoja ilizidi kodi ya pango tuliyoambiwa ni pesa ya kutupa.

Hakuna aliyetuibia. Riba inapigwa kila mwezi juu ya deni lililobaki, na mwanzoni deni lote liko palepale, kwa hiyo riba inameza karibu kila kitu. Mwezi unaofuata deni limepungua kidogo, riba nayo inapungua kidogo, na zile senti zinahamia kwenye deni. Zinahama polepole mno. Kwa mkopo kama wetu, mwezi ambao pesa inayoingia kwenye deni itazidi ile inayoingia kwenye riba ni wa 233, yaani baada ya miaka 19 na zaidi. Tulipotimiza malipo 24 tulikuwa tumetoa zaidi ya dola 45,500, na deni lilikuwa limeshuka kwa 6,900 tu. Ukifika miaka mitano umelipa 113,772, na katika hizo, deni limepungua kwa 19,167. Ukiifikisha miaka yote 30 umelipa dola 682,633 kwa mkopo wa laki tatu. Riba peke yake ni 382,633. Ni nyumba nyingine kama hiyohiyo, na chenji juu.

Riba yenyewe inategemea umebahatika kukopa mwaka gani. Kwa takwimu za Freddie Mac, shirika kubwa la mikopo ya nyumba, Januari 2021 wastani wa riba ya mkopo wa miaka 30 hapa Marekani ulishuka hadi asilimia 2.65. Oktoba 2023 ulifika 7.79. Laki tatu zilezile kwa 2.65 rejesho lake ni kama dola 1,209, na riba yote ya miaka 30 ni kama 135,000. Jirani yetu aliyenunua wakati ule anaishi kwenye nyumba iliyofanana na yetu kwa theluthi tu ya riba tunayolipa sisi. Na kwa walioko nyumbani: shilingi milioni 100 kwa riba ya asilimia 15, kiwango ambacho si cha ajabu Dar es Salaam, kwa miaka 20 zinarudi benki milioni 316.

Sasa nije kwenye barua ya mkopeshaji. Ilikuja Februari 2025, bahasha nyeupe ya kawaida, nikadhani ni tangazo. Rejesho letu kwa jumla lilikuwa 2,353: 1,896 za mkopo, 130 za bima ya kumlinda mkopeshaji ambayo huitwa PMI, 210 za bima ya nyumba, na 117 za kodi ya jengo. Barua ilisema kuanzia mwezi unaofuata tutalipa 3,489. Mke wangu alikuwa ndiyo kwanza ametoka zamu, bado amevaa sare. Alisoma, akaniangalia, akauliza, "Kwani riba si haibadiliki?"

Riba haikubadilika. Kilichobadilika ni eskro, mfuko ambao mkopeshaji anakusanyia kodi na bima halafu anakulipia. Texas, jimbo letu, haina kodi ya mapato ya jimbo, kwa hiyo shule, kaunti na mengine yanaendeshwa sana kwa kodi ya majengo. Kwenye mitaa mipya kama wetu kuna pia kodi ya MUD, mamlaka ya maji na majitaka ya eneo, inayolipia mabomba na mitaro iliyochimbwa kabla hatujafika. Thamani ya kutoza kodi inapimwa Januari 1. Januari 1, 2023 kiwanja chetu kilikuwa kiwanja tu, nyumba haijasimama, na kodi ikapigwa kwa ardhi. Ile 117 ilikuwa kodi ya udongo. Mwaka uliofuata wakahesabu nyumba, bili ikaja 7,800, na kwenye mfuko kulikuwa na 1,404. Upungufu ukagawanywa kwa miezi 12, kodi mpya ikaongezwa, bima nayo ilikuwa imepanda maana huku mvua ya mawe haina mchezo na mapaa. Hakuna aliyetwambia siku ya kusaini. Ukiuliza baadaye, unaambiwa iko kwenye karatasi. Na kweli ilikuwa kwenye karatasi, kati ya karatasi zaidi ya mia.

Nilimsimulia Mama kwa simu, yuko Muheza. Nilimwamkia, akaitikia, tukaongea habari za mahindi, halafu nikamwambia kodi ya jengo imefika dola 650 kwa mwezi. Akanyamaza. Yeye kodi ya majengo inakatwa kwenye LUKU, shilingi 1,500 kwa mwezi, na kila akinunua umeme analalamika. Akaniuliza, "Sasa mwanangu, hilo deni linaisha lini?" Nikasema 2053. Sikuwa nimewahi kuutamka mwaka huo kwa sauti. Mama akasema, "Wewe si ulisema ukifika miaka sitini unarudi?"

Nilizaliwa 1979. Mwaka 2053 nitakuwa na miaka 74.

Hapo ndipo nilipoelewa gharama ambayo haipo kwenye hesabu yoyote ya mkopeshaji. Karibu kila mmoja wetu ana mwaka wake wa kurudi moyoni. Tunanunua kiwanja Kibaha au Kigamboni, tunatuma pesa za msingi, tunasema watoto wakimaliza chuo basi. Halafu tunasaini miaka 30 tukiwa na umri wa miaka arobaini na kitu, na hatuweki mwaka wa kurudi na mwaka wa kumaliza deni kwenye karatasi moja. Utaniambia utauza. Sawa, lakini ukiuza mapema unakuwa umelipa riba karibu tupu, na dalali na gharama za mauzo nao wana mgao wao. Bei ikiwa imepanda utapona. Isipopanda, utaondoka na kidogo sana.

Marehemu Baba alijenga nyumba yetu kuanzia 1988 hadi 1997. Tulihamia kabla ya dari, madirisha mawili yamezibwa kwa mabati, na plasta ya nje ilikuja nikiwa sekondari. Nilikuwa naona aibu kwa wenzangu. Leo naona alilipa kwa subira kitu ambacho mimi nakilipa kwa riba. Sisemi njia yake ingewezekana Houston. Huku huwezi kuhamia kwenye nyumba isiyopitishwa na wakaguzi. Ila alijua kila shilingi ilikoenda, na siku alipomaliza, alimaliza.

Wala sisemi tulikosea kununua. Watoto wana shule moja tangu tuhame, hakuna anayetupandishia pango kila mwaka, na lile rejesho la 1,896.20 litabaki hilohilo hata mishahara ikipanda. Ninachosema ni kwamba tungenunua nyumba ndogo zaidi kama tungeona namba zote siku ile. Na zilikuwepo! Kwa sheria ya hapa, ndani ya siku tatu za kazi baada ya kupeleka maombi unapewa makadirio yanayoitwa Loan Estimate. Ukurasa wa tatu unaonyesha baada ya miaka mitano utakuwa umelipa jumla gani na katika hiyo deni limepungua kiasi gani. Halafu angalau siku tatu za kazi kabla ya kusaini unapewa Closing Disclosure, taarifa ya mwisho ya mkopo. Ukurasa wa tano wa hiyo, kushoto juu, kuna jumla ya malipo yote ya mkopo mpaka mwisho. Yetu ilikuwa inakaribia dola 702,000, ukijumlisha PMI na gharama za mkopo. Chini yake kuna asilimia ya riba yote ukilinganisha na mkopo, yetu ikiwa 127 na nukta. Nimeirudia baadaye, ina saini yangu. Sikumbuki kuiona.

Baada ya barua ile tulianza kufanya mambo ambayo tungeyafanya mapema. Kwanza niligundua hatukuwa tumejaza fomu ya homestead, punguzo la anayeishi kwenye nyumba yake mwenyewe. Novemba 2023 wapiga kura wa Texas walipandisha punguzo hilo kwenye kodi ya shule kutoka dola 40,000 za thamani hadi 100,000, Novemba 2025 wakalipandisha tena hadi 140,000, na ukiwa nalo thamani ya kutoza kodi haiwezi kupanda zaidi ya asilimia 10 kwa mwaka. Fomu ni bure. Kuna watu wanatuma barua kuwatoza wageni pesa kwa kuwajazia, usiwape. Thamani ukiona imezidi unaipinga, kwa kawaida kabla ya Mei 15, na mimi nilienda na picha za nyufa za sakafu ya gereji, maana udongo wa huku ni mfinyanzi unaovimba na kusinyaa.

PMI nayo ina mwisho. Bima hiyo hainilindi mimi hata senti, inamlinda mkopeshaji nikishindwa. Sheria ya 1998 inaniruhusu kuomba iondolewe deni likishuka hadi asilimia 80 ya bei ya awali, na inamlazimu aiondoe mwenyewe kwenye 78. Kwetu 80 ni 264,000, na kwa malipo ya kawaida tungefika hapo mwaka wa tisa, tukiwa tumetoa kama 13,000 za bima. Wenye mkopo wa FHA, ule unaodhaminiwa na serikali kuu, waliotoa kianzio chini ya asilimia 10 waangalie vizuri, yao kwa kawaida haiondoki mpaka mkopo uishe.

Kubwa kuliko yote ni dola 200 za ziada. Tangu Juni 2025 tunaongeza 200 kila mwezi, zinatoka kwenye zamu moja ya Jumamosi ya mke wangu na safari fupi moja ya kwangu. Ni lazima useme wazi kwamba zinaenda kwenye deni lenyewe. Mara ya kwanza sikusema, zikahesabiwa kama malipo ya mbele ya mwezi unaofuata, na deni halikupungua hata kidogo. Nilikaa kwenye simu karibu saa nzima kulirekebisha. Kwa mwendo huu mkopo utaisha 2047, miaka sita kabla, na riba itapungua kwa kama dola 87,000. Tungeanza siku ya kwanza ingekuwa miaka saba na zaidi ya 103,000. Miaka miwili ya kutojua imetugharimu tofauti hiyo.

Nina rafiki ambaye riba ikishuka kidogo anabadilisha mkopo na kuanza upya miaka 30. Rejesho lake linashuka na anafurahi, lakini kila mara anarudi mwezi wa kwanza, pale riba inapomeza karibu kila kitu. Ukibadilisha, omba miaka ileile iliyobaki au pungufu.

Kwenye mlango wa friji tumebandika karatasi. Kila tarehe mosi mwanangu mkubwa anaandika deni lililobaki, kwa kalamu, tarakimu zote. Anaifahamu namba hiyo kuliko nilivyoifahamu mimi nilipokuwa naisaini.

Mdogo wangu nimempigia jana usiku. Nimemuuliza nyumba ni mpya au ya zamani. Mpya. Nimemuuliza ile 2,400 kodi ya jengo imehesabiwa kwa kiwanja au kwa nyumba. Kimya, halafu, "Kaka, hapo sijauliza." Anasaini Ijumaa, leo ni Jumanne, karatasi anayo tayari. Nimemwomba anitumie picha ya ukurasa wa tano usiku wa leo, tuusome pamoja. Jiko nitaliona nikija.