Siku moja maishani mwangu: mlezi wa vyura wa Kihansi

Saa 12 asubuhi nishafika Mlimani, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, tunakowalea. Mlangoni navua viatu vya mtaani navaa mabuti ya ndani ambayo hayatoki nje hata siku moja, nakanyaga beseni la dawa, nanawa, navaa glavu. Wageni huwa wanaona tunazidisha lakini kuna kuvu inaitwa kitridi, inashika ngozi ya chura, na chura anapitisha maji na chumvi kwenye hiyo hiyo ngozi, ikiharibika moyo unasimama. Kule Kihansi iligundulika 2003. Juni mwaka huo vyura walihesabiwa kama 20,000, Januari 2004 wakaonekana watatu tu. Watatu! Kwa hiyo kwenye mambo ya viatu mi sina utani na mtu.

Saa 1 nakagua matanki moja moja, joto, unyevu, maji kama yamechujwa vizuri. Kinachokula muda ni nozeli za ukungu, zinaziba na chumvichumvi, inabidi uzifungue uzisugue moja baada ya nyingine. Huyu chura kaumbiwa manyunyu jamani, kwao ni korongo la mto Kihansi kule milima ya Udzungwa, maporomoko yanapiga mwamba yanatoa ukungu mchana na usiku, na dunia nzima alikuwa anaishi hapo tu, kaeneo ka kama hekta 2. Wataalamu wamekuja kumjua 1996 bwawa la umeme la megawati 180 linajengwa tayari, lilipoanza kazi maji yakaelekezwa kwenye mitambo na manyunyu yakapungua kwa kama asilimia 90. Yakawekwa mabomba ya kunyunyizia ukungu korongoni, na mwishoni mwa 2000 vyura 499 wakapelekwa Bronx Zoo, New York. Hao ndo mababu wa hawa ninaowalea.

Saa 3 chakula. Nzi wadogo wa matunda tunawazalisha wenyewe kwenye chupa, na nyenje waliototolewa juzi tu maana chura mwenyewe hata mkubwa hafiki sentimita 3, nyenje mkubwa hammezi. Nawatikisa kwenye unga wa kalsiamu ndo nawamwaga.

Saa 5 nimekuta jike kazaa!! Huyu hatagi mayai majini, hakuna cha viluwiluwi, watoto wanatoka vyura kamili wana miguu yote minne, wadogo karibu na punje ya mchele. Nilikaa pale muda mrefu kuliko kazi ilivyotaka, na nitakaa tena akizaa mwingine.

Saa 8 wakaja wanafunzi wa sekondari. Kijana mmoja akauliza, "Kaka, lakini si bora umeme kuliko chura?" Nikamwambia mdogo wangu, umeme wa Kihansi unawaka mpaka leo, hata hii pampu inautaka umeme, kilichohitajika ni maji kiasi yaachwe yapite mtoni na uchunguzi wa viumbe ufanyike kabla saruji haijamwagwa. Nikamweleza na mengine, 2009 IUCN, shirika la kimataifa la uhifadhi, wakatangaza katoweka porini, 2010 wakarudi 100 hapa Dar, 2012 wakaanza kurudishwa korongoni kwao. Akasema basi mngetuelezea hivi toka zamani, sisi nyumbani tumesikia hela tu. Ana haki kabisa, na ndo maana naandika hapa.

Saa 10 kumbukumbu kwenye daftari, waliozaliwa, waliokufa, uzito.

Saa 11 umeme ukakatika. Jenereta ikagoma kidogo halafu ikawaka, na hicho kidogo kinanitosha kuumwa tumbo, maana humo ndani joto likipanda na ukungu ukikata hawana pa kukimbilia.

Saa 12 jioni mlinzi wa zamu kaingia. "Shikamoo mzee." "Marahaba mwanangu, wanaendeleaje watoto?" Nikamwonesha pampu na swichi ya jenereta, nikamwambia mzee ukisikia mlio umebadilika nipigie hata saa 9 usiku, nakuja.