Lita ishirini za petroli

Mimi ni fundi wa mashine za boti hapa Kibirizi, Kigoma, kwa hiyo aibu ninayoisimulia ni yangu kwanza. Mashine ilituzimikia katikati ya Ziwa Tanganyika, fundi nimo ndani, sina hata spana ya plagi.

Ilikuwa Agosti, kusi limechachamaa. Nilikuwa natoka msibani Sunuka. Begi la vifaa nililiacha nyumbani makusudi, maana ukienda nalo kwa wakwe hata matanga yanageuka gereji. Tuliondoka jioni, abiria kumi na wanane, madumu ya mawese yamepangwa mpaka usawa wa magoti. Tulipopita mdomo wa mto Malagarasi mashine ikakohoa mara mbili, ikanyamaza. Nikavuta kamba mpaka kiganja kikachubuka. Nikafungua mfuniko wa tangi nikanusa, nikachovya kidole: mafuta yameingia maji. Kazi ya dakika kumi kama una vifaa. Nanga nayo ya nini, kwenye ziwa ambalo penye kina kirefu linafika mita 1,470? Boti ikajigeuza ubavu, mawimbi yakaanza kuingia, na upepo unatusukuma upande wa Kongo.

Mama mmoja akauliza maboya yako wapi. Yalikuwemo, sitamsingizia mtu. Yalikuwa kwenye gunia, na gunia lilikuwa chini ya madumu.

Waliotuokoa ni wavuvi wa dagaa. Giza lilikuwa zuri kwao, hakuna mwezi, taa zao zimewaka, dagaa ndiyo kwanza wanapanda. Wakaona tochi za simu zetu zinayumba. Nahodha wao, mzee mwenye kofia ya sufi, hakusalimia wala hakutupa pole. Alisema, "Zimeni hizo tochi mnatupofusha. Kamba ipo?" Wakazima taa zao, wakakunja nyavu, wakatukokota mpaka Kibirizi. Tulifika saa kumi alfajiri. Mzee alikataa pesa ya abiria yeyote. Akasema arudishiwe mafuta tu, lita ishirini, asubuhi ile ile, ili jioni arudi kazini.

Asubuhi mwenye boti alikuja akiwa amevaa vizuri. Akauliza kwa nini walivuta boti na mizigo yake. Wangechukua watu peke yao, mafuta yasingefika lita ishirini! Nilidhani anatania. Alitoa lita kumi, akaondoka. Kumi zilizobaki nililipa kwa kumfungulia mzee mashine yake na kuisafisha bure.

Miezi miwili baadaye nilikuwa kwenye boti inayompeleka mzungu mmoja Gombe, mstaafu kutoka Uingereza, na njiani nikamsimulia kisa hiki. Wengi ukiwasimulia wanauliza mlikuwa wangapi, mlilia, mliomba. Yeye aliuliza: "Na mafuta alilipa nani?" Nikampenda hapo hapo. Akaniambia kwao kuna masanduku ya sadaka ya waokoaji wa baharini, yenye umbo la boti, yanakaa madukani na kwenye baa, watu wanatumbukiza sarafu. Ndiyo mafuta yenyewe.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikisoma habari za watu hao usiku, bando likiruhusu. Chama chao cha uokoaji, RNLI, kilianzishwa London tarehe 4 Machi 1824. Aliyekipigania ni Sir William Hillary, mkazi wa Kisiwa cha Man, aliyekuwa akiona meli zikivunjika karibu na kwake. Kabla ya hapo uokoaji ulikuwepo, kama huku kwetu, wa yeyote aliye karibu. Hata boti maalumu zilikuwepo. Ile iliyoitwa Original ilijengwa na Henry Greathead mwaka 1789. Hillary aliongeza hesabu: boti inunuliwe na nani, mwokoaji atunzwe vipi, na akifa wajane wake wale nini. Waliopiga makasia walikuwa wavuvi kama mzee wangu wa kofia. Mpaka leo wengi wao ni wa kujitolea.

Habari ya Whitby, mji wa pwani huko Uingereza, ndiyo iliyonikalisha kitako. Februari 1861, siku moja ya dhoruba, boti ya pale iliingia baharini mara kadhaa kuokoa watu, na safari ya mwisho ikapinduka. Wakafa kumi na wawili kati ya kumi na watatu. Aliyebaki, Henry Freeman, ndiye peke yake aliyevaa boya jipya la magamba ya mti, lile linaloelea. Nikakumbuka gunia chini ya mawese.

Halafu Desemba 1886, waokoaji 27 walikufa usiku mmoja wakienda kwenye meli iitwayo Mexico. Wajane na yatima wakabaki. Tajiri mmoja wa pamba, Charles Macara, akaona pesa za mabwana wachache hazitoshi; mwaka 1891 wakapitisha boti za uokoaji katika mitaa ya Manchester, mji usio na bahari, na watu wakachanga njiani. Boti barabarani! Sisi wa Kigoma tusicheke, meli yetu Liemba yenyewe ilikuja kwa treni, vipande vipande ndani ya makasha.

Huku kwetu tunajua kusifu. Ndege ilipoanguka ziwani Bukoba, Novemba 2022, wavuvi ndio waliowahi. Watu 24 wakapona, na kijana Majaliwa Jackson akapewa milioni moja na nafasi katika Jeshi la Zimamoto na Uokoaji. Alistahili. Ila mimi, kwa ugonjwa wangu wa ufundi, niliwaza mitumbwi mingine iliyokuwa pale: ile ya mashine ilichoma lita ngapi, na nani aliwauliza?

Basi nimekata dumu la lita tano, nikalitoboa tundu juu, nikalipeleka kwa mama ntilie hapa mwaloni. Nimechora boti ubavuni, ingawa watoto wanasema ni kiatu. Lina kufuli mbili: ufunguo mmoja ninao mimi, mwingine anao mzee wa kofia, maana wapo walioanza kusema fundi anataka kujenga. Atakayekatisha uvuvi wake kumvuta mtu, anakuja hapa anajaziwa mafuta, habembelezi mwenye boti.

Jumapili tulilifungua mara ya kwanza. Shilingi 11,400 na kifungo cha shati. Mzee akahesabu mara mbili, akasema hizo hazifiki hata lita nne. Kisha akachomoa noti ya elfu mbili kwenye kofia, akaitumbukiza, akaenda kuwasha taa zake.