Siku Moja kwa Mwaka, Nara

Jumapili, tarehe 5 Oktoba, usiku

Miguu inaniwaka. Nimeiloweka kwenye beseni la maji ya chumvi kama mama alivyokuwa akifanya akitoka shamba, na naandika haraka kabla usingizi haujanizidi. Nikilala nitaamka na picha za simu tu. Maneno ya yule mzee yatakuwa yameshapotea, na maneno yake ndiyo niliyoyafuata leo.

Tumezunguka Nara kutwa. Tulikuwa watu watano nyuma ya mzee wa miaka sabini na ushei, mwenye kofia ya rangi ya udongo na kibendera cha kijani. Ni mmoja wa wale wastaafu wa mji wanaojitolea kuwaongoza wageni. Hawadai ujira, ukimlipia nauli na viingilio umemaliza. Huu ni mwaka wangu wa pili Osaka, hapa Japani, na Nara ni kama dakika arobaini kwa treni. Nilishakwenda mara mbili peke yangu. Nililisha kulungu biskuti, nikapiga picha chini ya Buddha Mkubwa, nikarudi nikidhani nimeujua mji. Leo nimeona kwamba nilikuwa nimepita tu.

Mzee mwenyewe ndiye aliyechagua tarehe. Nilipomwandikia mwezi Agosti alijibu kwa ufupi: njoo tarehe 5 Oktoba, siku hiyo kuna mlango unafunguliwa. Hakusema mlango gani.

Tulianzia Kofuku-ji. Mnara wake wa ghorofa tano, wenye urefu wa takriban mita 50 na uliojengwa upya mwaka 1426, sasa umefunikwa gubigubi kwa matengenezo ya miaka mingi. Wenzangu walisikitika. Mzee akasema hana haja nao leo, akatupeleka kwenye nyasi na kuuliza, “Ukuta uko wapi?” Tukatazama huku na huku. Kweli, hakuna ukuta wala lango. Unatoka barabarani, mara unajikuta umo ndani ya hekalu, na kulungu wamejilaza kati ya majengo kama mbuzi wa kijijini.

Akatusimulia. Kwa zaidi ya miaka elfu, Kofuku-ji ya Kibuddha na Kasuga Taisha ya Kishinto, dini ya asili ya Wajapani, zilikuwa chini ya ukoo mmoja, Fujiwara. Watawa walikwenda kusoma sutra, yaani maandiko ya Kibuddha, mbele ya kami wa Kasuga (kami ndio miungu ya Kishinto), na kila kami alihesabiwa kuwa ni sura nyingine ya Buddha fulani. Watu hawakuuliza hapa panaishia dini gani na pale inaanza ipi. Kisha mwaka 1868 serikali mpya ya Meiji ikaamuru kami na Buddha watenganishwe. Watawa wa Kofuku-ji wakavua majoho yao na kuwa makuhani wa Kasuga. Hekalu likabaki halina mwenyewe. Kuta zikabomolewa, na mwaka 1880 uwanja wake ukafanywa bustani ya umma, hiyo hiyo ambayo mimi nililishia kulungu mara mbili bila kujua nakanyaga nini. Inasimuliwa kwamba hata ule mnara ulipata mnunuzi, akataka kuuchoma moto ili aokote vyuma vyake, na majirani wakakataa wakihofia nyumba zao kuungua.

Sanamu nyingi zilitawanyika miaka hiyo na baadaye. Moja ya Kofuku-ji, Miroku, yaani Buddha ajaye, aliyechongwa na Kaikei mwaka 1189, leo imo katika jumba la makumbusho la Boston. Mzee alipoitaja nilikumbuka vigango vya jirani zetu Wagiriama, mbao zile za kuwakumbuka wafu, vilivyong'olewa makaburini na kuuzwa Marekani. Baadhi vimerudishwa Kenya. Nilimweleza. Alisimama akanisikiliza mpaka mwisho, akaandika neno “kigango” kwenye daftari lake, na kuniuliza kama mbao zile zikirudi zinarudishwa zilikokuwa au zinawekwa stoo. Sikuweza kumjibu.

Niseme jambo kuhusu maneno, maana limenisumbua njia nzima. Wajapani wana maneno mawili: tera, nyumba ya Buddha, na jinja, makao ya kami. Kiswahili chetu cha vitabuni kinayaita yote mawili hekalu na kupita. Lakini bibi yangu angeiona jinja, na ule mti mkubwa uliofungwa kamba ya majani ya mpunga, asingesema hekalu. Angesema mzimu, pahali pa tambiko. Angeshusha sauti, angevua ndara.

Todai-ji, hekalu la Buddha Mkubwa, tuliingia kwa lango la kusini, lililosimamishwa upya mwaka 1199. Walinzi wawili wa mbao, kila mmoja zaidi ya mita 8, walichongwa mwaka 1203 na Unkei, Kaikei na mafundi wao kwa siku 69. Mmoja ameachama, mwenzake amefumba kinywa. Ndiyo sauti ya kwanza na ya mwisho ya herufi za Kisanskriti. Ndani, Buddha Mkubwa wa shaba, karibu mita 15 akiwa ameketi. Kwake hatukukaa sana. Mzee alisema huyo anajieleza mwenyewe, na palikuwa na msongamano wa watoto wa shule.

Alilolisimulia mbele yake, hata hivyo, sitalisahau. Kati ya mwaka 735 na 737 ndui ilifyeka nchi hii. Mwaka 743 mfalme Shomu akatangaza atajenga Buddha huyu, na katika tangazo lake akasema mtu yeyote akitaka kusaidia hata kwa unyasi mmoja au konzi ya udongo, apokelewe. Kazi ilikuwa ngumu mno. Kusubu shaba ya ukubwa ule hakukuwa jambo la miaka ile. Ndipo, kwa mujibu wa kumbukumbu zao, kami mmoja wa mbali, Hachiman wa Usa katika kisiwa cha Kyushu, alipotoa kauli kwamba yeye na kami wenzake wataisaidia kazi. Mwaka 749 akaletwa Nara kwa machela ya heshima. Mwaka 752 macho ya Buddha yakafunguliwa kwa brashi, na aliyeishika brashi hiyo alikuwa mtawa kutoka India, Bodhisena.

“Kwa hiyo,” mzee akasema, “Buddha huyu alijengwa kwa msaada wa kami. Muwatenganishe vipi?”

Kisha akatutoa kwenye umati. Magharibi ya jumba kubwa kuna ua mdogo wenye ukuta wa udongo ambao siku nyingine zote hupiti. Harufu ya ule mti wa vimaua vya rangi ya chungwa unaochanua huku mwanzo wa Oktoba ilitutangulia hadi mlangoni. Palikuwa na foleni fupi, wengi wao wazee, wamenyamaza. Tukavua viatu.

Ndani yumo Hachiman. Kaikei alimchonga mwaka 1201, wakati Todai-ji ikijengwa upya baada ya kuteketezwa kwa vita mwaka 1180. Huonyeshwa siku moja tu kwa mwaka, leo. Nilitarajia nini sijui. Labda shujaa mwenye upinde, maana Hachiman ni kami wa mashujaa. Nikamkuta mtawa. Kichwa kimenyolewa, joho la mistari, fimbo ya vikuku mkono wa kulia, tasbihi mkono wa kushoto, ameketi juu ya ua la yungiyungi. Rangi zake bado mbichi kwa sababu amekaa gizani karne nane. Midomo ni myekundu. Uso ni wa mtu unayemjua, wa mzee wa mtaani anayesubiri umalize kusema.

Yaani ni kami aliyevaa joho la dini ya pili. Kwa waliomchonga hilo halikuwa fumbo wala aibu. Na sanamu hii ilikuwa ndani ya jinja yake mwenyewe, Tamukeyama Hachimangu, upande wa mashariki wa jumba kubwa. Amri ya 1868 ilipokuja, jinja na tera vikagawana mali kama watu wanaoachana. Jengo likabaki kwa kami, sanamu ikabaki kwa watawa. Tangu hapo Hachiman anaishi nyumba moja na sura yake inaishi nyingine.

Nilisimama pale mpaka aliyekuwa nyuma yangu akanigusa bega kwa upole.

Tulipanda Nigatsu-do, jengo jingine la Todai-ji, kupumzika. Ukumbi wake wa mbao umening'inia juu ya mteremko, na unaona mji wote na paa la Buddha chini yako. Humu ndimo kila mwezi Machi watawa hufanya ibada ya mienge na maji, na haijakatika hata mwaka mmoja tangu 752. Nilikula chapati niliyoifunga asubuhi. Mzee alikula tonge zake za wali. Nilimuuliza jambo lililokuwa limenikaa kooni tangu asubuhi: mimi ni Mwislamu, kwenye jinja watu wanainama mara mbili, wanapiga makofi mara mbili, wanainama tena, nifanyeje nisivunje adabu yao wala yangu? Alitafuna taratibu. Akasema, “Simama kando ya njia, usisimame katikati, kwa sababu katikati ni ya kami. Ukisimama vizuri inatosha.” Hivyo ndivyo nilivyofanya siku nzima. Pale kwenye maji ya kunawa nilianza na mkono wa kulia kwa mazoea ya udhu. Kwao unatangulia wa kushoto. Alinionyesha bila kusema neno, na nikarudia upya.

Njia ya kwenda Kasuga Taisha ndiyo niliyoipenda kuliko yote. Inapita chini ya mierezi, na kandili za mawe zimejipanga pande zote, zimeota kuvu na majani, nyingine zimeinamiana. Za mawe ni kama 2,000, za shaba zinazoning'inia ndani ni kama 1,000, na kila moja ililetwa na mtu aliyekuwa na dua yake. Zote huwashwa Februari na katikati ya Agosti tu. Jinja yenyewe huhesabiwa kuanzia mwaka 768. Kami wake wa kwanza, husimuliwa, alikuja kutoka Kashima amepanda kulungu mweupe, ndiyo maana kulungu wa Nara hawaguswi.

Kuhusu ile amri, mzee alikuwa ameweka neno moja la mwisho. Kila tarehe 2 Januari, mkuu wa Kofuku-ji na watawa wake hutembea hadi Kasuga na kusoma sutra mbele ya kami. Bado. Serikali iliwatenganisha kwa karatasi, na kila mwaka wanaivuka kwa miguu. Alilisema hilo akiwa amevua kofia, na nilimwona macho yamemlenga machozi. Nadhani kwa ajili hiyo ndiyo maana anajitolea kila wiki na magoti yale.

Nyuma ya jinja kuna mlima wa msitu. Tangu mwaka 841 ni marufuku kuwinda wala kukata mti humo. Tulisimama mpakani, mzee akasema safari yetu inaishia hapa, na mimi nikaanza kulia. Wenzangu walidhani nimechoka.

Nimekulia Kinondo, Kwale. Kaya Kinondo ilikuwa mwendo mfupi kutoka kwetu. Msitu wa wazee wetu Wadigo, haukatwi kuni, hautolewi hata jani, na tangu 2008 umo katika urithi wa dunia pamoja na kaya nyingine za Mijikenda. Wageni wa hoteli za Diani wanalipa kiingilio, wanafungwa kaniki kiunoni, na kuongozwa ndani. Mimi sijawahi kuingia. Nilipokuwa mdogo mtu niliyemheshimu sana aliniambia anayeingia kaya ameiacha dini, nami nikaamini, na nikawa naona haya kwa babu yangu aliyekuwa akiswali Alfajiri msikitini na kwenda msituni wazee walipomwita. Hakuona mgongano wowote. Alinialika mara moja. Nilikataa kwa maneno ambayo sitaki kuyaandika. Amefariki miaka sita sasa, na sikumwomba msamaha.

Leo nimetembea kilomita karibu kumi nyuma ya mzee wa watu wengine nikimsikiliza kila neno. Wa kwetu sikumsikiliza hata hatua kumi.

Nilipofika nyumbani niliswali, kisha nikampigia ami. Kwao ilikuwa mchana. Nilimweleza Hachiman na joho lake, na watawa wa Januari. Alikaa kimya mpaka nikadhani laini imekatika.

“Sasa unataka nini, mwanangu?”

“Nikija Desemba, nataka kuingia kaya. Si kama mgeni wa hoteli. Na mtu wa kwetu.”

“Itabidi niseme na wazee.”

“Sema nao, ami.”

“Utavua viatu. Utaacha simu nje.” Nikasikia anahamisha kiti. “Kaniki ya bibi yako imo sandukuni mpaka leo. Sijui kama panya wameibakisha. Ngoja niangalie.”