Jinsi Nilivyompata Konseli James Weldon Johnson Katika Majalada ya Serikali

Wengi humkumbuka James Weldon Johnson kwa mashairi yake, au kwa miaka aliyoiongoza NAACP, chama cha kutetea haki za watu weusi nchini Marekani. Mimi nilitaka kuwaandikia wasomaji wa Kiswahili habari za ile miaka saba ambayo kwa kawaida hupewa sentensi mbili tu: kuanzia 1906 hadi 1913, alipokuwa konseli (balozi mdogo) wa Marekani, kwanza Puerto Cabello nchini Venezuela, kisha, tangu 1909, Corinto nchini Nikaragua. Mtu mweusi aliyezaliwa Jacksonville, Florida, mwaka 1871, miaka sita tu baada ya utumwa kufutwa nchini mwake, anakabidhiwa muhuri wa taifa hilohilo katika bandari ya ugenini. Sikukubali jambo kubwa namna hiyo lipitwe kwa haraka.

Mwenzangu mmoja aliyezoea maktaba aliniambia, "Ndugu yangu, chukua mikrofilamu za barua za makonseli. Zimepangwa kwa majina ya miji. Siku moja inakutosha." Nilimwamini. Ushauri huo ulinigharimu Ijumaa tatu na nauli nisiyopenda kuikumbuka. Nilizungusha filamu zile zenye picha ndogo za hati hadi macho yakatoa machozi, nikazoea hata mwandiko wa makonseli waliomtangulia, lakini kila nilipotarajia kuanza kwa kazi yake, barua zilikatika. Nilirudi nyuma nikidhani nimeruka sehemu, kisha nikaanza upya, na ukomo ukawa uleule. Ijumaa ya tatu nilikuwa karibu kuandika kwamba barua zake hazikuhifadhiwa, na ninashukuru hadi leo kwamba sikuandika.

Mtunza nyaraka mmoja ndiye aliyenifungua macho. Mfululizo ule uliojalidiwa kwa miji ulikoma Agosti 1906, mwaka uleule Johnson alioingia kazini. Baada ya hapo, Wizara ya Mambo ya Nje ilipanga karatasi zake kwa namba za mashauri, na kuanzia 1910 ikatumia namba za desimali zinazofuata nchi na mada. Kwa hiyo anayemtafuta konseli wa miaka hiyo asishikilie jina la mtu wala la mji, atafute tukio. Mambo ya siasa ya Nikaragua yamo katika 817.00, nami nilijua kwamba mwaka 1912 Jenerali Luis Mena aliasi serikali. Niliomba majalada ya Julai hadi Oktoba, nikayasoma kwa mfuatano wa tarehe bila kuruka hata karatasi iliyoonekana haina maana.

Hapo Johnson alitokea. Corinto ndiko reli ya kwenda Managua ilikoanzia, na ndiko wanamaji wa Marekani waliposhuka Agosti ile, hivyo telegramu za konseli zilikuwa na uzito ambao hati za mizigo na mashauri ya mabaharia, kazi yake ya kila siku, hazikuwa nao. Nilizipiga picha kwa simu bila malipo. Andika namba ya sanduku na ya jalada kabla ya kila picha, maana picha isiyo na namba haitakusaidia nyumbani.

Kuhusu Venezuela nilipata machache zaidi, lakini yalitosha kuniridhisha kwamba uteuzi wake haukuwa zawadi ya kisiasa pekee. Ni kweli alikuwa amekitumikia chama cha Republican mjini New York na kuungwa mkono na Booker T. Washington, kiongozi mashuhuri wa watu weusi, lakini pia alikijua Kihispania, na bandari ile ilihitaji mtu wa namna hiyo. Utulivu wa vituo hivyo ulimpa nafasi ya kukamilisha riwaya yake, iliyochapishwa 1912 bila jina lake. Mwaka uliofuata, Rais Woodrow Wilson wa chama pinzani cha Democratic alipokuwa ameingia madarakani, Johnson alijiuzulu.

Sehemu iliyonishinda kwa muda mrefu ilikuwa namna ya kumweleza mtu huyu aliyetumikia uvamizi wa Nikaragua, kisha mwaka 1920 akaenda Haiti kuchunguza utawala wa wanajeshi wa Marekani na kuulaani waziwazi katika jarida la The Nation. Niliweka telegramu zake za Corinto upande mmoja wa meza na makala zile upande wa pili. Mwandishi wa makala zile alikuwa ameziona meli za kivita zikitia nanga mbele ya ofisi yake mwenyewe, na kutoka hapo nikaiandika sura ya mwisho usiku uleule.