Dakika 11 za deni

Tangu mwaka juzi naandika hadithi ya wanachuoni wa siri wanaoushika wakati, na kwa muda mrefu ilikataa kusimama. Niliwapa majoho, fimbo na mnara wa mawe, lakini kila nikiwasoma usiku nawaona wageni. Kilichonikomboa ni mlango wa jiko la babu.

Babu mzaa mama alikuwa mvuvi, kusini ya Unguja. Nyuma ya mlango ule alipiga mistari kwa mkaa, mmoja kila magharibi, maana kwetu siku huanza jua likichwa. Ikitimia kumi, huikata kwa mstari wa kulala: mwongo mmoja. Ndiyo hesabu ya Nairuzi, mwaka wa jua wa Waswahili, ileile inayoleta sherehe ya mwaka mpya, Mwaka Kogwa wa Makunduchi, ambao siku hizi huangukia Julai. Siku 365, miongo 36, na siku tano zinabaki. Wakulima walipandia hesabu hiyo na wavuvi walivulia hiyohiyo. Siku tano za mwisho babu hakuzipigia mstari. Nikamwuliza, "Babu, mbona leo hukuandika?" Akanijibu huku ameinamia nyavu zake, "Hizi hazimo, mjukuu wangu."

Mlango wenyewe ulishakuwa kuni, nyumba ilipojengwa upya kwa matofali. Neno ndilo lililobaki. Siku isiyomo kwenye hesabu iko wapi, na anaitumia nani?

Basi wanachuoni wangu sasa wanaitwa Watu wa Mwongo. Mtaani wakisikika hivyo hudhaniwa ni kikundi cha waongo, nao hawamsahihishi mtu. Ndilo pazia lao. Ni waalimu wa falaki. Hawapigi ramli wala hawapandishi majini. Kilinge chao ni ghala la mbata, na mtu aliyekula yamini humjua mwenzake kwa harufu ya nazi kavu kwenye kanzu.

Uganga wao wote umo ndani ya hesabu. Nairuzi haina tarehe 29 Februari: siku zake ni 365 kamili, ilhali jua linataka robo siku zaidi. Ndiyo maana hurudi nyuma siku moja kila miaka minne. Robo ile, saa sita, wao huivuna ndani ya siku tano zisizomo, wakaigawana. Wakiandikiana barua "saa sita", msomaji wa nje huelewa mchana au usiku wa manane. Kumbe wanataja kipimo.

Sura ninayoipenda ni ya mzazi aliyelemewa na uchungu, na mkunga mwenye uwezo bado yuko baharini. Mzee wa Mwongo anakishusha kifuu juu ya koroboi. Ulimi wa moto unasimama kama jani. Tone la jasho linaning'inia kwenye kidevu cha bibi aliyemshika mzazi, halidondoki. Humo chumbani wakati umesita. Huko nje jahazi linakuja.

Lakini uganga usiomgharimu mtu haumwumi msomaji, na hapo nikakwama miezi mingi. Hadi nikapiga hesabu sawasawa. Mwaka wa jua haufiki siku 365 na robo: ni siku 365, saa 5, dakika 48 na sekunde kama 46. Zinapungua dakika 11 na kidogo. Ni dakika hizohizo, zilizolimbikizana karne kwa karne kwenye kalenda ya zamani iliyohesabu robo kamili, zilizomfanya Papa Gregory XIII afute siku kumi mwaka 1582, watu wakalala tarehe 4 Oktoba wakaamka tarehe 15.

Moyo ulinienda mbio. Watu wangu, kwa nia njema kabisa, kila mwaka wanatumia dakika 11 ambazo jua halikuwapa. Baada ya miaka 128 deni linatimia siku nzima, na siku nzima lazima itoke kwa mtu.

Aliyeligundua deni ni binti wa miaka 15, mjukuu wa mzee wa kifuu. Nimempa mlango wa babu yangu, na mistari yake yote. Jana usiku nimemwacha amesimama mbele yake na kibatari, anahesabu mwongo uliokwisha kukatwa. Amehesabu mara tatu. Mistari ni tisa.