Mbaazi za kesho

Upepo wa kusi ukishika mwezi wa Julai, bahari ya nje huchafuka na wavuvi wenye ngalawa hawaendi mbali. Samaki hupanda bei, na hapa kwetu Likoni, Mombasa, pesa huwa ngumu kwelikweli. Hata hivyo, shangazi yangu kila usiku hukanda unga wa mahamri, akatia iliki, akaufunika, kisha huroweka mbaazi.

"Shangazi, na zisiponunuliwa?"

"Tutakula wenyewe. Hebu nichujie tui hilo."

Mimi tumaini nalijua kwa sura hiyo: linanukia iliki, na linamtaka mtu aamke kabla ya adhana ya alfajiri. Wanaosema "Mungu atajalia" huku wamejilaza barazani mpaka saa nne (binamu yangu mmoja ni bingwa wao), naona wanamsingizia Mungu.

Jirani yetu mvuvi hajilazi. Yuko chini ya mwembe, anashona wavu wake wa jarife tundu kwa tundu. Mahamri anakula kwa mkopo. Atalipa kwa samaki aina ya changu, upepo wa kaskazi ukiingia. Shangazi keshaandika kwenye daftari, na samaki kamchagua: mkubwa, wa kupaka.