De Sica, yale mashuka na baiskeli

Juzi usiku nimerudia Ladri di biciclette, yaani Wezi wa Baiskeli, ile muvi ya Kiitaliano ya De Sica, sijui mara ya ngapi hii, na bado pale kwenye mashuka nimekwama. Mke anavua mashuka kitandani, wanaenda kuyaweka rehani ili mume akomboe baiskeli yake, maana bila baiskeli hapewi kazi ya kubandika mabango. Jamaa wa pale dukani kwa rehani anachukua furushi lao anapanda nalo juu, anapanda tu, na wewe unaona shelfu zimejaa mafurushi ya mashuka ya watu wengine mpaka karibu na dari. Hakuna anayeelezea kitu lakini ushaelewa Roma ya 1948 ilikuwaje.

Aliyeiongoza, Vittorio De Sica, alizaliwa Sora mwaka 1901, na kabla hajashika kamera alikuwa staa, tena yule kijana mtanashati anayechekesha na kuimba. Mwaka 1932 aliigiza kwenye muvi ya mwongozaji Mario Camerini akaimba Parlami d'amore Mariù, wimbo ukawa mkubwa Italia. Kuongoza kaanza 1940, halafu akashikana na mwandishi Cesare Zavattini, na hapo ndo mambo yakabadilika.

Hela ya Ladri aliisaka kwelikweli. Prodyuza wa Marekani, David O. Selznick, alikuwa tayari kutoa ila baba aigizwe na Cary Grant, staa wa Hollywood! De Sica akakataa, akamchukua Lamberto Maggiorani, mfanyakazi wa kiwandani ambaye hajawahi kuigiza, na mtoto akamchukua Enzo Staiola. Mimi naamini aliweza kwa sababu yeye mwenyewe ni mwigizaji, alikuwa anasimama mbele yao anawaigizia kila kitu, wao wanafuatisha. Inasimuliwa kuwa ili Enzo alie alimtilia vipisi vya sigara mfukoni, kisha akamwambia mbele za watu kwamba anaokota vipisi. Hiyo sijaipenda hata kidogo, mtoto ni mtoto. Ila pale mwisho anapomshika baba yake mkono mimi huwa nalia, kila mara.

Oskari alipata nne, ya mwisho kwa Il giardino dei Finzi Contini, na kwenye La ciociara alimwongoza Sophia Loren mpaka naye akabeba ya mwigizaji bora wa kike. Watu wanamlaumu kwamba aliigiza muvi nyepesi nyingi mno, na kweli kamari ilimmaliza hela, lakini zile nyepesi ndo zilimlipia zile nzito, sasa tumlaumu nini? Na hata hizo nyepesi, mwangalie alivyo mkuu wa polisi wa kijijini kwenye Pane, amore e fantasia ya 1953, mtamu huyo.

Ya 1952, Umberto D., ni ya mzee mstaafu, pensheni haitoshi kodi, amebaki na mbwa wake tu. Mzee kaigizwa na Carlo Battisti, profesa wa isimu. Andreotti, aliyekuwa serikalini, aliisema vibaya hadharani kwamba inaichafua Italia, na kwenye kumbi haikwenda. De Sica aliipenda kuliko zote alizotengeneza. Baba yake, karani wa benki, aliitwa Umberto, na muvi alimtunukia yeye.